Mali kauli ikigeuka kesi: nani anabeba mzigo wa kuthibitisha?

Mali bila daftari hupotea bila habari, walisema wahenga. Hawakusema la pili: kwamba ukifika mahakamani hata mali yenye daftari inaweza kupotea, tena mchana kweupe, mbele ya hakimu na karani.

Biashara ya jumla Tanzania inatembea kwa mali kauli. Mwenye duka la vifaa vya ujenzi Mbagala anachukua saruji leo, anauza, analipa baada ya wiki mbili. Muuza mitumba wa mkoani anapiga simu Dar es Salaam, belo linapakiwa kwenye basi, pesa itakuja kwa simu. Mara nyingi inakuja. Isipokuja, ndipo muuzaji anagundua kuwa kudai ni kazi moja na kuthibitisha ni kazi nyingine.

Tuanze na sheria, maana watu wengi wanaingia mahakamani wakiamini kuwa anayedaiwa ndiye wa kujieleza. Kifungu cha 110 cha Sheria ya Ushahidi, Sura ya 6, kinasema kinyume chake: anayetaka mahakama imtamkie haki inayotegemea mambo fulani ndiye anayepaswa kuthibitisha kuwa mambo hayo yapo. Kifungu cha 111 kinatoa kipimo chepesi sana: mzigo uko kwa yule ambaye angeshindwa endapo hakuna upande wowote ungeleta ushahidi. Jipime hapo. Wewe na mteja wako mnasimama mbele ya hakimu, wote mnanyamaza. Nani anarudi nyumbani akiwa na mali ya mwenzake? Ni mteja. Basi mzigo ni wako. Kifungu cha 112 ndicho kitakachokuokoa baadaye, kwa sababu kinahusu jambo mojamoja: anayetaka jambo fulani liaminiwe ndiye anayelithibitisha, hata kama ni mdaiwa. (Namba hizi ni za Toleo la 2019. Matoleo ya marekebisho hupanga upya namba, kwa hiyo kabla hujaandika kifungu kwenye hati yoyote angalia toleo linalotumika.)

Deni lisilozidi Sh milioni 30 linaweza kufunguliwa Mahakama ya Mwanzo. Kule Sheria ya Ushahidi haitumiki. Kuna kanuni zao za ushahidi, fupi na zinazosomeka. Lakini kwenye hili msimamo ni uleule: mdai athibitishe mambo yote yanayojenga dai lake, isipokuwa mdaiwa akikiri. Zanzibar ina sheria yake ya ushahidi ya mwaka 2016, na Kenya ina Sura ya 80, vifungu vya 107 hadi 109, vyenye maudhui yaleyale. Kenya wana faida moja ambayo wafanyabiashara wa Tanzania wangeililia: Mahakama ya Madai Madogo chini ya sheria ya 2016, kwa madai yasiyozidi Sh milioni 1 ya Kenya, ambayo inatakiwa kutoa hukumu ndani ya siku 60. Haifungwi sana na taratibu kali za ushahidi. Wengine wanalisoma hilo kama ruhusa ya kwenda mikono mitupu. Sivyo, kilicholegezwa ni namna ya kuleta ushahidi. Wajibu wa kuuleta uko palepale.

Kiwango chenyewe si kikubwa. Hii si jinai, hakuna kuthibitisha bila kuacha shaka. Kuna uamuzi wa Mahakama Kuu wa mwaka 1984, uliomo kwenye Tanzania Law Reports za mwaka huo ukurasa wa 113, ambao mawakili wananukuu karibu kila wiki: pande mbili haziwezi kulingana kabisa, na yule ambaye ushahidi wake ni mzito zaidi ndiye anayepaswa kushinda. Mzito zaidi, basi. Mizani ikiinama kidogo tu upande wako, inatosha.

Sasa kosa kubwa. Muuzaji anayedai deni huwa anaelekeza nguvu zake zote kuonyesha kuwa hakulipwa. Analeta taarifa za benki za miezi sita, analeta miamala ya simu, anaapa. Lakini kutolipwa ni jambo la kukanusha, na huwezi kuleta shahidi wa kitu ambacho hakikutokea. Mahakama nayo haikutaki ufanye hivyo. Inachotaka kwako ni mambo matatu: kwamba mlikubaliana kuuziana, kwamba bidhaa zilimfikia yeye au mtu wake, na kwamba bei ilikuwa kiasi fulani. Ukiyathibitisha hayo, anayesema "nilishalipa" ndiye anayeleta jambo jipya mezani, na kwa kifungu cha 112 ni juu yake kulithibitisha. Cha 115 kinaongezea kwamba jambo lililo ndani ya ufahamu wa mtu mmoja hasa, mzigo wake uko kwa mtu huyo. Na mtu aliyelipa ndiye anayejua alilipa lini, kwa njia gani, na risiti iko wapi.

Kwa hiyo kesi za mali kauli hazifii kwenye kulipa. Zinafia kwenye kupokea.

Tuchukue mfano wa kubuni. Mteja ameagiza mifuko 600 ya saruji ya kilo 50, kila mfuko Sh 16,500. Imepelekwa kwa safari tatu, mifuko 200 kila safari. Alitanguliza Sh 3,000,000. Muuzaji anadai Sh 6,900,000, na hesabu yake ni sahihi: 9,900,000 toa 3,000,000. Tatizo ni safari ya tatu. Gari lilifika jioni, mtunza stoo alishaondoka, mlinzi akafungua geti, makuli wakashusha, dereva akarudi na hati ya kupokelea mzigo ikiwa haina saini. Mteja anakana: mimi nilipokea safari mbili. Kama muuzaji hana kingine, mahakama inabaki na mifuko 400, yaani Sh 6,600,000. Toa malipo ya awali, hukumu ni Sh 3,600,000. Sh 3,300,000 zimekwenda na saini moja.

Hati hiyo, ambayo madukani wanaiita dilivari noti, ndiyo karatasi yenye thamani kuliko zote kwenye biashara ya mkopo, na ndiyo inayojazwa ovyo kuliko zote. Iwe na namba iliyochapwa kwa mfululizo, nakala tatu: moja ya mteja, moja irudi na dereva, moja ibaki kitabuni. Iandike bidhaa kwa kipimo kinachohesabika. "Mabati" pekee haitoshi; andika mabati mangapi, geji ngapi, futi ngapi. "Nondo roli moja" ni mwaliko wa ubishi. Chini kuwe na nafasi ya jina kamili la aliyepokea, cheo chake, saini, tarehe, saa, namba ya gari, na mhuri kama upo. Mhuri peke yake bila jina ni dhaifu kuliko watu wanavyodhani, kwa sababu mhuri hauitwi kutoa ushahidi. Saini bila jina nayo ni mchoro tu; mtu atasema "hiyo si yangu wala ya mtu wangu", na wewe utaanza kumsaka mwenye mchoro.

Halafu kuna swali la nani alipokea. Mlinzi si mnunuzi. Mtoto wa dukani huenda akawa amepewa mamlaka au hajapewa. Njia ya kumaliza hili ni karatasi moja mwanzoni mwa uhusiano, kabla ya mzigo wa kwanza wa mkopo: mteja anaandika majina mawili au matatu ya watu wanaoruhusiwa kupokea, na kila mmoja anaweka mfano wa saini yake. Kama karatasi hiyo hukuitengeneza, tafuta hati za nyuma. Ukiwa na hati kumi na mbili ambazo yuleyule aliweka saini ileile, na mteja akazilipa zote bila kulalamika, itakuwa vigumu kwake kusema kuwa ile ya kumi na tatu ilipokelewa na mgeni. Mwenendo wa biashara kati yenu ni ushahidi, ila ni lazima uulete wote. Kuleta hati moja yenye mgogoro na kuacha kumi na mbili zisizo na mgogoro kwenye boksi nyumbani ni kujinyima silaha.

Na ile safari ya tatu isiyo na saini, inaweza kuokolewa? Inaweza. Dereva aje, aseme kwa mdomo wake alishusha wapi, saa ngapi, nani alifungua geti. Kuli aje. Hati ya kutolea mzigo ghalani ije. Uamuzi uleule wa 1984 una nusu ya pili ambayo watu husahau: upande ukishindwa kumleta shahidi muhimu bila kueleza sababu, mahakama ina haki ya kudhani kwamba angekuja angesema mambo yasiyoupendelea upande huo. Dereva wako ni shahidi muhimu. Madereva huhama kazi, hubadilisha namba, hurudi kijijini. Weka nakala ya kitambulisho chake na namba ya ndugu yake siku unapomwajiri, si siku unapofungua kesi.

Lakini ushahidi ninaoupenda kuliko wote ni malalamiko. Mteja akikuandikia usiku ule "mifuko sita imepasuka, badilisha", amethibitisha kwa mkono wake kwamba mzigo umefika na kwamba mifuko 194 haina tatizo. Hakuna risiti nzuri kuliko hiyo. Usifute ujumbe wa mteja mwenye hasira.

Kwa mzigo wa mkoani mambo yanabadilika kidogo, na hapa sheria iko upande wa muuzaji kuliko wengi wanavyojua. Sheria ya Uuzaji wa Bidhaa, Sura ya 214, inachukulia kwamba pale ambapo muuzaji ameruhusiwa au anatakiwa kutuma mzigo, kuukabidhi kwa msafirishaji ni sawa na kuukabidhi kwa mnunuzi, mpaka ionyeshwe vinginevyo. Kwa maneno mengine, belo likishapokelewa na ofisi ya basi kwa jina la mteja, umeshatimiza sehemu kubwa ya wajibu wako. Ila lazima uthibitishe mambo mawili: kwamba mteja alikubali mzigo utumwe kwa njia hiyo, na kwamba msafirishaji aliupokea. La kwanza ni ujumbe wa "pakia kwenye basi la leo". La pili ni risiti ya mzigo yenye jina la mpokeaji, namba yake ya simu, idadi ya vipande na maelezo ya kilichomo. Risiti nyingi za mizigo huandikwa "mfuko 1" na jina la kwanza tu. Simama hapo dirishani, sema iandikwe vizuri. Dakika mbili.

Kuhusu makubaliano, sheria hiyohiyo ina kanuni ya zamani kwamba mkataba wa kuuza bidhaa za kuanzia Sh 200 haudaiki mahakamani kama hauna maandishi yaliyosainiwa, isipokuwa mnunuzi amepokea sehemu ya bidhaa na kuzikubali, au ametoa arubuni au malipo ya sehemu. Mia mbili! Kiwango hicho kinatoka enzi za mkoloni na leo hakinunui hata andazi, lakini kazi yake bado ipo. Ndiyo sababu malipo ya sehemu ni muhimu kuliko kiasi chake: Sh 50,000 zilizotumwa kwa simu kwa ajili ya mzigo wa milioni mbili zinaondoa hoja ya "hatukuwa na mkataba". Bei nayo ikiwa haikuandikwa popote, mnunuzi analipa bei ya haki kulingana na mazingira, hivyo ankara zako kwa wateja wengine za wiki ileile zinakuwa ushahidi.

Sasa daftari. Daftari la madeni lipo kila duka, na wenye maduka wanaliamini kama msahafu. Sheria inasema kumbukumbu za hesabu zinazotunzwa mara kwa mara katika mwenendo wa biashara zinapokelewa kama ushahidi, lakini peke yake hazitoshi kumbebesha mtu deni. Sababu iko wazi: umeliandika mwenyewe, kwa kalamu yako, mteja akiwa hayupo. Kama ingetosha, kila mwenye kalamu angekuwa tajiri. Aya ya 282 ya Suratul Baqara, ambayo watu wa pwani wameisikia tangu madrasa, imeamuru deni liandikwe na mashahidi wawepo, na inataka anayesema nini kiandikwe awe yule aliye na deni juu yake. Mwenye duka anayempa mteja kalamu aandike mwenyewe "nimechukua mafuta ndoo 10, nitalipa tarehe 15" na kuweka jina na saini amebadilisha daftari kuwa kukiri deni. Ukurasa uleule, wino uleule, uzito tofauti kabisa.

Lililo bora zaidi ni ulinganisho wa hesabu kila mwisho wa mwezi. Karatasi moja: salio lililopita, mizigo ya mwezi na namba za hati zake, malipo na tarehe zake, salio jipya, na chini mstari mmoja, "nakubali salio hili ni sahihi", na saini. Ukiwa nayo hiyo, huhitaji tena kuthibitisha mizigo ishirini mmojammoja. Unathibitisha saini moja. Wateja wanaolipa vizuri hawakatai kusaini. Anayeanza kukwepa kusaini amekupa taarifa mapema, na bure.

Upande wa mdaiwa kuna utetezi wa aina tatu unaojirudia.

Wa kwanza ni "nililipa". Mzigo ni wake, tumeshasema, lakini wauzaji wengi humsaidia kuubeba bila kujua. Mtego mkubwa Tanzania ni risiti ya EFD, ile mashine ya kielektroniki ya kodi. Ukiuza unatakiwa kutoa risiti ya mashine, hata kama mauzo ni ya mkopo. Miezi sita baadaye mteja anaitoa mahakamani: hii hapa risiti, nililipa Sh 4,800,000 yote. Hakimu anaona neno risiti, anaona kiasi, anaona namba ya mlipakodi ya muuzaji. Dawa yake ni kuandaa mapema: ankara inayoandika wazi kuwa ni mauzo ya mkopo, tarehe ya mwisho ya kulipa, na namba ya risiti ya EFD inayohusiana nayo, isainiwe na mteja siku ileile. Halafu stakabadhi ya malipo iwe kitabu tofauti, inayotolewa pesa inapoingia tu. Kama mmekuwa mkifanya hivyo siku zote, mteja ataulizwa: kwa mizigo mingine ulipewa stakabadhi ya malipo, ya huu iko wapi?

Ndugu wa mtego huo ni "nilimpa kijana wako taslimu". Kijana aliyekuwa akipokea pesa kwa miaka miwili huku wewe unajua na unanyamaza ana mamlaka machoni pa mteja, hata kama siku moja alitoroka nazo. Andika kwenye kila ankara kwamba malipo ni kwa akaunti au lipa namba fulani pekee, kisha uishi hivyo wewe mwenyewe. Ukiandika hivyo na bado unapokea taslimu mikononi, maandishi hayo hayana meno.

Wa pili ni "mzigo ulikuwa mbovu". Hapa mnunuzi anathibitisha ubovu, na anathibitisha umempunguzia thamani kiasi gani. Mnunuzi aliyekaa na bidhaa kwa muda mrefu kuliko unaohitajika kuzikagua, bila kumwambia muuzaji kwamba anazikataa, au aliyeanza kuziuza, huhesabiwa amezikubali. Anaweza bado kudai bei ipunguzwe kwa kasoro, lakini hawezi kukaa na mali na pesa vyote viwili. Na kama uliletewa pungufu ya ulichoagiza ukaikubali, unalipia ulichokubali kwa bei ya mkataba. Wanunuzi, kwenu pia kuna somo hapa: picha zenye tarehe, ujumbe siku hiyohiyo, sampuli iliyotunzwa. Malalamiko yanayoonekana kwa mara ya kwanza kwenye utetezi wa maandishi, miezi minane baada ya mzigo, yananuka.

Wa tatu ni "si mimi unayenidai". Jina lililoandikwa juu ya duka linaweza kuwa jina la biashara tu, ambalo halina nafsi kisheria, unamshtaki mmiliki. Au inaweza kuwa kampuni, ambayo ni mtu kamili aliye tofauti na mwenye hisa, hata kama ndiye unayekunywa naye kahawa kila asubuhi. Angalia usajili BRELA, wakala wa serikali wa kusajili biashara na kampuni, kabla ya kufungua kesi. Kesi yenye ushahidi mzuri dhidi ya mtu asiye sahihi ni kesi mbovu.

Simu zimekuwa ghala kubwa la ushahidi wa biashara hizi. Sheria ya Miamala ya Kielektroniki ya 2015 inaruhusu ujumbe wa kielektroniki kupokelewa, na kifungu chake cha 18 kinaeleza mahakama ipime nini: namna ujumbe ulivyotengenezwa, ulivyotunzwa na ulivyotumwa, kama haujachezewa, na kama mtumaji ametambuliwa. Kutokana na hapo kazi yako inajipanga yenyewe. Usiende na picha ya skrini moja iliyokatwa katikati ya maongezi. Chapa maongezi yote, na simu yenyewe iwepo mahakamani. Zima mpangilio wa ujumbe kujifuta. Andaa hati ya kiapo inayoeleza ulivyouhamisha kutoka kwenye simu hadi kwenye karatasi. Na uonyeshe namba ni ya nani: muamala wa pesa uliowahi kutumwa kwenye namba hiyo huonyesha jina lililosajiliwa, na hilo mara nyingi ndilo linalomaliza ubishi. Taarifa ya miamala iombwe kampuni ya simu, iwe na mhuri wao. Mwaka 2023 mahakama moja ya Saskatchewan, Kanada, ilikubali emoji ya dole gumba kuwa saini ya mkataba wa kuuza kitani. Mimi nisingeitegemea Kariakoo, lakini "sawa boss, ijumaa nitapunguza deni" ni kukiri deni mahali popote.

Ukishafika mahakamani, kuna shimo ambalo watu wanaojisimamia huangukia. Wanaambatanisha nyaraka zote kwenye hati ya madai, wanadhani zimeshakuwa ushahidi. Kiambatisho si kielelezo. Shahidi lazima asimame, aitambue hati, aombe ipokelewe, upande wa pili uulizwe kama una pingamizi, mahakama iipokee na kuipa alama, kisha isomwe. Isipopitia njia hiyo, hakimu hawezi kuitumia hata kama iko kwenye jalada na kila mtu ameiona. Njoo na nakala halisi. Kama nakala halisi iko kwa mdaiwa, mpe ilani ya maandishi ailete. Asipoileta, nakala yako inaweza kupokelewa. Mkataba unaotakiwa kulipiwa ushuru wa stempu na haukulipiwa utakumbana na pingamizi, na tiba yake kwa kawaida ni kulipa ushuru na adhabu yake. Fanya hivyo kabla ya tarehe ya kusikilizwa, usingoje aibu.

Mdaiwa asipotokea pia usishangilie. Kesi ikisikilizwa upande mmoja bado unatakiwa kuthibitisha. Ni watu wengi waliokwenda na maneno mawili, "hajalipa, hajaja", wakatoka bila hukumu.

Hundi iliyorudi ni hadithi tofauti. Kwa hundi au hati ya ahadi ya malipo, Amri ya XXXV ya Sheria ya Mwenendo wa Madai inakuruhusu kufungua shauri la muhtasari, ambalo mdaiwa hawezi kujitetea mpaka aombe na kupewa ruhusa, na sheria hudhani kuwa hundi ilitolewa kwa thamani. Ndiyo maana mteja mkubwa wa mkopo ni bora atoe hundi za tarehe za mbele kuliko ahadi nzuri.

Anayedai halmashauri, shule ya serikali au shirika la umma ana utaratibu wake: notisi ya siku 90, Mwanasheria Mkuu wa Serikali kuunganishwa, na Mahakama Kuu. Huko LPO, yaani hati rasmi ya kuagiza manunuzi, ndiyo kila kitu. Ukipeleka mzigo kwa neno la ofisa bila LPO, utakutana na jibu kwamba ofisa hakuwa na mamlaka.

Kuhusu muda, dai la mkataba lina ukomo wa miaka 6 chini ya Sheria ya Ukomo wa Muda, Sura ya 89. Kukiri deni kwa maandishi yenye saini, au kulipa sehemu, kabla ya muda kuisha huanzisha hesabu upya. Lakini usisubiri miaka mitano. Karatasi hufifia, hasa zile za mashine ya EFD, ambazo wino wake hupotea kwa joto. Zipige picha au zitoe nakala wiki ileile.

Na riba. Wauzaji huandika kwenye hati ya madai asilimia 30 kwa mwaka kwa sababu ndiyo wanayotozwa na mkopeshaji wao. Riba ya kabla ya kesi ni jambo la kuthibitisha kama mengine yote: ilikubaliwa wapi, kwa asilimia ngapi, kuanzia lini. Isipokuwa kwenye ankara iliyosainiwa au mkataba, uwezekano mkubwa ni kwamba itakataliwa. Baada ya hukumu, kiwango cha Sheria ya Mwenendo wa Madai ni asilimia 7 kwa mwaka, na kinaweza kupanda hadi 12 kama pande zote zilikubaliana waziwazi kwa maandishi. Mstari huo mmoja uweke kwenye ankara zako leo, juu ya sehemu ya saini, ili mteja anaposaini kupokea mzigo awe amesaini na riba.